Nani Kasema Kiswahili Hakina Mbingu Zake?

Leo sina habari za harusi wala za michango. Leo nina ugomvi, na ugomvi wenyewe ni na sisi wazazi na walezi, mimi nikiwa wa kwanza kwenye foleni ya washtakiwa. Nivumilieni mpaka mwisho, kisha mwenye jiwe na arushe.

Kisa kilianzia Louisville, sebuleni kwa dada yangu. Dada hubeba maboksi usiku kule uwanja wa ndege, kwa hiyo asubuhi yeye hulala, na mimi mgeni hubaki na mwanawe, kijana wa miaka 17. Asubuhi hiyo nilimkuta mezani anachora kwenye daftari kubwa. Nikamwuliza kama ni kazi ya shule. Akasema, "Hapana, Mjomba, huu ni ulimwengu wangu." Nikaomba kuuona, akanisogezea.

Ndugu zangu, kijana ameumba mbingu na nchi. Kuna milki mbili, moja ya nuru na moja ya giza, zimepigana tangu kabla siku hazijaanza kuhesabiwa. Nuru ikishinda kabisa, kila kitu kinaungua. Giza likishinda kabisa, kila kitu kinaganda. Katikati, juu ya daraja jembamba, anaishi mzee mmoja mwanafalsafa, mkongwe kuliko milki zote mbili, na kazi yake ni kwenda huku na huku akizisikiliza. Hana jeshi. Anauliza maswali. Milki zote mbili zinamchukia, na kila moja ikizidiwa inatuma mjumbe kumwita. Kijana ameandika kurasa zipatazo 60, zimejaa ramani, nyota, koo na sheria. Nilisoma mpaka chai ikapoa.

Halafu nikaona jambo. Yule mzee ana jina lenye mlio wa Kigiriki. Milki zina majina yenye mlio wa Kilatini. Daftari zima ni Kiingereza, hakuna neno letu hata moja, hata jina la kijito. Na huyu ni kijana anayesema Kiswahili na mama yake kila siku ya Mungu. Nikamwuliza, "Baba, mbona humu hamna Kiswahili?" Akanitazama kwa huruma, kama unavyomtazama mzee aliyepotea kituo cha basi. "Mjomba," akasema, "Kiswahili ni cha kusalimia na kula. Mambo haya hayasemeki kwa Kiswahili."

Sikumkasirikia. Niliwakasirikia waliomfundisha hivyo, na nilipowatafuta nikawakuta kwenye kioo.

Maana hebu tuseme kweli. Kiswahili tunachowapa watoto wetu huku ughaibuni ni kipi? Ni "msalimie shangazi", "osha vyombo", "zima taa", "umekula?" Shughulini ni cha mshereheshaji na vichekesho vyake. Msibani ni cha pole. Mazungumzo yakiwa mazito, habari ya sheria, ya pesa, ya daktari, au mtoto akiuliza kwa nini mtu mwema anateseka, tunahamia Kiingereza chetu cha kuungaunga, au tunamwambia "utajua ukikua". Mtoto ana akili. Anaona kwamba kuna lugha ya jikoni na kuna lugha ya kufikiria, naye anachagua. Hapo hapo Columbus, chuo kikuu cha Ohio State kinafundisha Kiswahili, na vijana wa Kimarekani wanalipia ada kukaa darasani wajifunze ngeli. Wetu wanazo ngeli bure, nao wanazitupa kama maganda ya ndizi, kwa sababu hatujawahi kuwaonyesha kwamba zinaweza kubeba kitu kizito kuliko sufuria.

Nikarudi Columbus kwa ile barabara ya I-71, saa tatu na ushee za kufikiri. Jumamosi iliyofuata kulikuwa na kikao cha wazazi wa darasa letu la Kiswahili, lile la watoto na vijana. Nikanyosha mkono nikapendekeza kwamba vijana wakubwa waache kuimba majina ya rangi, wasomewe Nagona na Mzingile za Euphrase Kezilahabi. Nilipata pingamizi tatu, na nitazijibu moja moja. Lakini kwanza niwaeleze wasiomjua.

Kezilahabi alizaliwa Namagondo, kisiwani Ukerewe, katika ziwa Victoria, mwaka 1944, akafariki Januari 2020. Wengi wetu tulimjua kwa Rosa Mistika ya 1971, riwaya iliyozuiwa mashuleni kwa muda kwa sababu ilisema wazi yanayowapata wasichana. Ambalo wengi hatujui ni kwamba aliishi huku huku kwetu kwenye baridi. Hakwenda California kuota jua. Alisoma Madison, Wisconsin, mji uliobanwa kati ya maziwa mawili, Mendota na Monona, na mwaka 1985 akamaliza tasnifu ya udaktari juu ya falsafa ya Kiafrika na tatizo la kufasiri fasihi. Tasnifu iliandikwa kwa Kiingereza, kama vyuo vya huku vinavyotaka. Kisha akatoa riwaya mbili nyembamba, Nagona mwaka 1990 na Mzingile mwaka 1991, na humo ndani maswali yale yale mazito, ya kuwapo na kutokuwapo, ya ukweli na njia ya kuufikia, yanaulizwa kwa Kiswahili. Tafakarini hapo. Mtu aliyekuwa na Kiingereza cha kutosha kuwajibu maprofesa wa Wisconsin, alipotaka kuumba ulimwengu aliurudia Kiswahili.

Na ni ulimwengu kweli. Ukifungua Nagona hukuti Dar es Salaam wala Mwanza. Unamkuta msafiri anayeingia katika mji uliokufa kimya. Kuna mnyama, nagona mwenyewe, anayeonekana na kutoweka, anayetafutwa na hakamatiki. Majina makubwa ya Ulaya yanajitokeza njiani, akina Plato, Hegel, Marx, Nietzsche na Freud, na msafiri hawapigii magoti wala hawarushii mawe. Anapita kati yao na safari yake inaendelea, mpaka kwenye ngoma kuu na habari ya mkombozi wa pili. Mzingile nayo, kama jina lake, ni njia zilizopotana, ukiingia hujui pa kutokea. Humo kuna mzee wa kihekaya aitwaye Kakulu, na msafiri ana kazi ngumu kuliko zote duniani, kumpelekea mzee habari ya kifo cha mwanawe. Dunia inateketea. Baada ya maangamizi yapo mabaki, yupo mwanamume na mwanamke, na lipo swali la namna ya kuanza tena.

Mwasikia? Mzee wa kihekaya, mtafutaji aliye katikati, nuru na giza, uhai na mauti, akili na wazimu, mwisho unaogeuka kuwa mwanzo. Ni daftari la mpwa wangu! Limeandikwa na mtoto wa Ukerewe zaidi ya miaka 15 kabla huyu mpwa hajazaliwa. Tofauti ni kwamba Kezilahabi anakwenda mbali zaidi. Kwa mpwa wangu nuru na giza ni majirani wenye kesi ya mpaka, na mzee wa darajani ni kama hakimu. Kwa Kezilahabi, nionavyo mimi, kimoja kimekaa tumboni mwa kingine, na mtafutaji hawezi kusuluhisha akiwa amesimama nje. Inambidi apite ndani ya giza lenyewe, apotee, achekwe, adhaniwe mwehu. Huo ndio utu uzima ambao kijana yule angeupata, lau mjomba wake angemwekea kitabu mezani.

Haya, pingamizi la kwanza. Ndugu mmoja aliuliza, "Wewe mwenyewe umevisoma?" Ukumbi ukacheka. Nitajibu hapa kama nilivyojibu pale. Mzingile niliibeba kutoka nyumbani kwenye begi, chini ya unga wa mhogo, ikakaa rafuni miaka mingi bila kufunguliwa, pambo la msomi. Niliisoma juzi juzi tu. Kwa hiyo naongea kama mkosaji, na ndiyo maana naongea kwa sauti. Lakini aliyeniumiza zaidi ni mama mmoja anayefanya kazi zamu mbili. Akasema, "Mwanangu hajui hata kusoma Kiswahili, nawe unaleta falsafa. Ngumu hiyo, kaka."

Mama yangu, una haki ya kuchoka, na sitakuhubiria. Ila ugumu wenyewe tuupime. Watoto hawa hawa wamesoma habari za yule mchawi mdogo wa Uingereza, vitabu saba, vingine vinene kama tofali, vimejaa maneno ya kubuni yasiyo na kamusi. Hawakulalamika. Mtoto haogopi ugumu, anaogopa kuchoshwa. Na kama hajui kusoma Kiswahili, masikio si anayo? Nani kasema riwaya lazima isomwe kwa macho? Sisi ni watu wa tendi. Bibi zetu wengi hawakujua herufi, lakini walikesha wakisomewa habari za vita na za mbinguni, na wakazitoa kichwani beti kwa beti. Soma wewe kwa sauti, kurasa tatu wakati wali unaiva. Asipoelewa aulize, nawe usipoelewa sema hujaelewa. Kijana akimwona mzazi wake anakwama kwenye sentensi ya Kiswahili kwa sababu ni nzito, hapo ndipo atakapojua kuna Kiswahili kizito.

Pingamizi la pili lilitoka kwa mzee mmoja ninayemheshimu sana. Akasema, "Kijana, hivi ni vitabu vya kufuru. Vinamchezea Mungu. Huku watoto wanapotea tayari, usiwasukume." Waislamu na Wakristo waliitikia pamoja, na nawaambieni, si jambo dogo kuwaunganisha katika kikao chetu.

Mzee wangu, shikamoo tena, na unisamehe. Hofu yako naielewa. Lakini tangu lini lugha yetu imeogopa mbingu? Utendi wa Tambuka uliandikwa Pate mwaka 1728, na tangu siku hizo washairi wetu wamepanda na kushuka, peponi na motoni, wakiwatia maneno vinywani malaika na mashetani. Habari za Ayubu, mtu mwema aliyepigwa na mabaya mpaka akabaki mifupa, tumezitungia utenzi. Kuuliza hakujawahi kuwa kufuru kwa Waswahili. Na huyo William Mkufya, mwaka 1999 alituandikia Ziraili na Zirani, riwaya inayotupeleka ahera, mbingu na kuzimu zikipambana, bila kutoka nje ya Kiswahili. Hatari niionayo mimi ni nyingine. Kijana atauliza tu, mzee wangu, tutake tusitake. Ukimfungia mlango wa Kiswahili, hatanyamaza. Atakwenda kuuliza kwa Kiingereza, usiku, chumbani, kwa watu usiowajua, na wewe utaachiwa zile salamu. Bora amkufurishe Kakulu mezani kwako, ukiwapo wewe wa kumjibu.

Pingamizi la tatu ndilo lililonifanya niandike. Mmoja akasema, "Haya si yetu. Hizi ni falsafa za Wazungu zimevishwa kanzu." Mwingine akadakia, "Na tena tukitaka kufundisha, tufundishe Kiswahili safi, maana humu kila mtu anakuja na chake." Akawatazama wa Kongo.

Hilo la kwanza ni wimbo wa zamani. Mwaka 1974 Kezilahabi alipotoa Kichomi, mashairi yasiyo na vina wala mizani, aliambiwa hayo hayo, kwamba si mashairi, kwamba ni Uzungu. Mgogoro ulirindima miaka na miaka. Nini kimetokea? Leo mashairi huru yanafundishwa mashuleni, na ya vina yanaendelea kutungwa na kughaniwa kama kawaida. Fahali wawili wamekaa zizi moja, na methali imevumilia. Na kuhusu Plato kuvishwa kanzu, jamani, Abunuwasi ni nani? Ni mshairi wa Baghdad wa zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Leo muulize bibi yeyote wa pwani, atakuapia kwamba Abunuwasi alikuwa jirani yake, na punda wake alikula kunde zao. Kiswahili hakijawahi kuuliza pasipoti mlangoni. Kinamkaribisha mgeni, kinampa jina, na baada ya vizazi viwili mgeni anatusimulia habari za mababu zetu.

Hilo la pili halicheki. Mama mmoja wa Uvira aliinuka, taratibu. Yeye alipitia kambi ya Nyarugusu, Kigoma, na watoto wake wawili walizaliwa pale. Akasema, "Sisi Kiswahili chetu munakicheka. Basi watoto wetu tutawafundisha Kiingereza, hakuna mwenye atawacheka." Akakaa. Kikao kikaendelea kuzungumzia maji ya kunywa na viti.

Ndugu wasomaji, pale ndipo nilipomkumbuka Katama Mkangi. Huyu alikuwa Mkenya wa pwani, mwanasosholojia. Mwaka 1986, serikali ya Kenya ilipowakamata wengi kwa tuhuma za Mwakenya, naye aliwekwa kizuizini. Mwaka 1995 akatoa riwaya iitwayo Walenisi. Shujaa wake, Dzombo, anahukumiwa kifo, na adhabu yenyewe ni kutiwa ndani ya chombo cha angani na kurushwa. Hafi. Anatua kwenye sayari nyingine, ambako watu wameondoa unyonyaji na wanaishi kama watu. Jina la sayari ndilo jina la kitabu, na ukilikata vipande unapata sentensi: wale ni sisi. Mkangi alifariki kwa ajali ya barabarani mwaka 2004, na sentensi hiyo bado hatujaimaliza kuitafuna.

Kwani sisi huku tunaishi kwa neno gani kama si "wale"? Wale wa Kongo. Wale wa kambini. Wale wa visiwani na maringo yao. Wale Wakenya na Kiswahili chao cha matatu. Tuna milki zetu za nuru na giza, na kila mmoja amejiweka kwenye nuru. Msuluhishi akija tunamwambia si wetu.

Tena kwa waishio Louisville hili lina anwani. Mjini pale, kwenye kona ya mtaa wa nne na barabara ya Muhammad Ali, kuna kibao cha kumbukumbu. Tarehe 18 Machi 1958, wakati barabara ile ikiitwa bado Walnut, alisimama hapo mtawa mmoja, Thomas Merton, wa monasteri ya Gethsemani kule Kentucky vijijini. Alikuwa amejifungia na dunia tangu 1941, akiamini watawa ni watu wa namna yao na wa mjini ni wa namna yao. Siku hiyo, katikati ya wanunuzi wa madukani, aliona ghafla kwamba watu wale wote ni wake na yeye ni wao, na kwamba utengano wake ulikuwa ndoto. Baadaye aliyaandika hayo kitabuni. Mtawa wa Kentucky na mfungwa wa Kenya hawakujuana, na wamefika mahali pamoja. Wale ni sisi. Na barabara hiyo leo ina jina la mtoto wa Louisville aliyekwenda kupigana Kinshasa tarehe 30 Oktoba 1974, na Wakongo wakamwimbia kama wamemzaa wao. Vijana wetu wanapita kona hiyo kila wiki wakienda kununua viatu. Nani kawaambia?

Sasa niseme neno litakalonigombanisha na marafiki. Karibuni nilikwenda Buffalo kwenye msiba. Kutoka Columbus unafuata I-71 mpaka Cleveland, kisha I-90 kando ya ziwa Erie. Matanga yalikuwa upande wa magharibi wa mji, kwenye mitaa iliyojaa ndugu zetu wa Kongo, Burundi na Somalia pamoja na watu wa Burma. Tukiwa tumekaa, nikasikia ile kauli tunayoijua wote: "Tuwachunge watoto wasije wakawa kama wale." Wale ni nani? Wamarekani weusi, waliotutangulia katika miji hii kwa vizazi na vizazi. Kila mtu akatikisa kichwa kukubali. Mimi pia, kwa mazoea, nilitikisa.

Halafu nikakumbuka mji niliomo. Tarehe 14 Mei 2022, kijana mzungu aliyejaa chuki aliendesha gari zaidi ya saa tatu mpaka duka la vyakula la Tops, barabara ya Jefferson, upande wa mashariki wa Buffalo hiyo hiyo. Aliua watu 10, wote weusi. Alichagua mahali hapo kwa sababu ya rangi ya watu wa mtaa ule. Niambieni, kama ungekuwa pale Jumamosi hiyo unanunua mchele, angekuuliza umetoka Uvira au Alabama? Angesubiri useme "mimi si wa wale"? Waliokusudia kutuangamiza wanaijua sentensi ya Mkangi kuliko sisi. Kwao, wale ni sisi, tayari.

Ndiyo maana nasema vitabu hivi si anasa ya wasomi. Naomba nieleweke vizuri, maana wapo watakaosema nahubiri kukaa katikati, mguu huku mguu kule, kama popo asiye ndege wala mnyama. Sivyo. Mkangi alifungwa. Kezilahabi alizuiwa na kuzomewa. Mzee wa darajani katika daftari la mpwa wangu anachukiwa na pande zote. Kukaa katikati kwa namna yao ni kusikiliza upande ulioambiwa usiusikilize, na kulipa gharama yake. Ambaye hajachukiwa na yeyote hajafika darajani, yuko kibarazani anakunywa kahawa. Na mimi msibani, nilipotikisa kichwa, nilikuwa kibarazani.

Tufanye nini? Mimi si mtu wa kulalamika bila kuweka kitu mezani. Kwanza, darasa letu la Columbus litenge nusu saa kwa vijana wa miaka 14 na zaidi, wasomewe kwa sauti, waulize lolote, na mkubwa atakayesema "utajua ukikua" atozwe faini ya maandazi. Pili, msomaji wa kwanza awe yule mama wa Uvira. Asome kwa lafudhi yake, na tumsikilize. Kiswahili cha Bukavu, cha Lamu, cha Ukerewe na cha Nairobi kikikutana kwenye ukurasa mmoja hakitachafuka, ndivyo kilivyozaliwa. Tatu, jarida hili litenge ukurasa kwa vijana wetu wa miji mitatu, walete walimwengu wao waliowabuni, kwa Kiswahili chochote walicho nacho, hata kikiwa na matobo. Tusiwasahihishe kwa kalamu nyekundu. Tuwajibu kwa hoja. Nne, wenye vitabu rafuni, chini ya picha za harusi, tuviteremshe, tupanguse vumbi, tuazimane. Mashairi ya Kezilahabi yametafsiriwa na kuchapwa na chuo cha jimbo la Michigan mwaka 2015, na Rosa Mistika imetoka kwa Kiingereza mwaka 2025. Wamarekani wanamsoma. Isije siku wajukuu zetu wakalazimika kumtafuta kwa tafsiri, kama sisi tunavyomtafuta Plato.

Kuhusu mpwa wangu, nilianza kumsomea Nagona kwa simu, usiku, mama yake akiwa kazini. Kurasa mbili, tatu. Mara nyingi ananisimamisha na kusema, "Rudia hapo." Kuna mahali tumekwama wote wawili, tukaacha tukwame. Juzi alinitumia picha ya ramani yake. Yule mzee bado ana jina lake la Kigiriki, na sikusema neno, maana hata Plato alipita kwenye kurasa za mtoto wa Ukerewe na hakufukuzwa. Lakini chini ya daraja pana mto, na mto sasa una jina. Ameuandika kwa herufi kubwa: MZINGILE.

Chini yake ameandika swali, kwa Kiswahili chake: "Mjomba, kama wale ni sisi, basi mzee anasuluhisha nani na nani?"

Sina jibu bado. Nawaletea ninyi, kikao kijacho, na maandazi juu yangu. Naomba kutoa hoja.